Fundi cherehani analalamikia tarehe

Najua mtacheka. Mimi ni fundi cherehani, banda langu liko Ngamiani hapa Tanga, na fundi cherehani hujulikana kwa tarehe za uongo kabla hajajulikana kwa ushonaji. "Njoo Alhamisi." Alhamisi ikifika: "Bado vifungo tu." Mteja akirudi Jumamosi anakuta kitambaa chake kimekunjwa vilevile alivyokileta. Kwa hiyo fundi akisimama hadharani kulalamika kwamba kacheleweshewa, ana haki ya kuchekwa. Chekeni, mkimaliza tuendelee.

Tofauti ni kwamba fundi akikuvunjia ahadi unamjua. Unamfuata bandani, unamsema mbele ya wateja wake, akizidi unachukua kitambaa chako unampelekea mwingine. Shauri la madai likishasajiliwa huna pa kulihamishia, na aliyelichelewesha ukimtafuta humpati. Karani anasema ni mwenyekiti, mwenyekiti anasema ni wazee wa baraza, wakili wako anasema ni wakili wa upande wa pili, na wakili wa upande wa pili anasema yeye anafuata utaratibu tu. Na wote wanasema kweli.

Mambo yenyewe ni haya. Baba alikuwa na shamba la machungwa, ekari chache, humuhumu mkoani. Kijiji sikitaji wala baraza silitaji, maana shauri bado liko hai na wakili amenionya. Miti ilipokuwa midogo, jirani aliomba alime mahindi na kunde katikati ya mistari upande wa bondeni. Baba akampa kwa mdomo, kama watu wanavyopeana. Baba alipofariki, jirani akaiuza sehemu ile, pamoja na michungwa iliyokuwa imeshaanza kuzaa, kwa mtu wa mjini. Hiyo ilikuwa mwaka 2012. Mwaka 2013 mama, akiwa msimamizi wa mirathi ya baba, akafungua maombi kwenye baraza la ardhi na nyumba la wilaya, ambako ugomvi wa ardhi huamuliwa na mwenyekiti akisaidiwa na wazee wa baraza. Baraza la kata lisingeweza kulisikiliza kwa sababu thamani ya shamba ilizidi shilingi milioni 3.

Swali lilikuwa moja: jirani alikuwa mwenye shamba au mwazimaji? Mpaka wa zamani ulikuwa na mkonge uliopandwa na baba pamoja na mzee mmoja aliyekuwa rafiki yake, na mzee huyo alikuwa hai, akili timamu, tayari kuja kusema. Ukiniuliza mimi, asubuhi moja ya kwenda kusimama pale bondeni ingetosha. Sasa hivi tuko mwaka wa kumi na kitu.

Kwa ambao hawajawahi kushitaki wala kushitakiwa, kuna tarehe za aina mbili. Kuna tarehe ya kusikilizwa, ambayo mashahidi wanakuja wanatoa ushahidi, na kuna tarehe ya kutajwa, ambayo unaitwa jina, unasimama, unaambiwa tarehe nyingine, unaondoka. Mgeni hajui tofauti. Mama mara za mwanzo alikuwa akija kutajwa amevaa baibui jipya, kabeba hati zake zote kwenye bahasha ya kaki, na nyuma yake mashahidi waliolipiwa nauli na chai. Wanakaa kwenye benchi la korido tangu saa mbili asubuhi. Saa sita karani anatoa kichwa mlangoni, anasoma namba ya shauri, dakika mbili zimekwisha.

Sababu nilizozisikia kwenye korido ile ningeweza kuzishona zikawa pazia. Mwenyekiti ana udhuru. Mwenyekiti yuko wilaya nyingine, kwa sababu mwenyekiti mmoja anahudumia zaidi ya moja. Mzee wa baraza mmoja anaumwa na akidi haijatimia. Wakili wa upande wa pili yuko Mahakama Kuu, na kwa desturi mahakama ya chini huipisha ya juu. Jalada halionekani. Jalada limeonekana ila liko kwa mchapaji. Sikuwahi kusikia sababu ambayo ningeweza kuiita ya kipuuzi. Kila moja ukiitazama peke yake ina akili. Ndiyo maana hakuna anayeona aibu.

Kisha kuna pingamizi la awali, yaani hoja ya kutaka shauri litupwe kabla halijasikilizwa. Wenzetu wa upande wa pili walidai maombi ya mama hayakueleza vizuri mahali shamba lilipo, kwa hiyo yatupwe. Kwa jambo hilo pande mbili zikaandika hoja kwa maandishi, zikajibizana, uamuzi mdogo ukasubiriwa, ukaahirishwa, ukasomwa: pingamizi limekataliwa. Miezi imekwenda na hakuna aliyetaja neno juu ya jirani na kunde zake. Baadaye wakili alinieleza kwamba mchezo huu una umri mkubwa kuliko mimi. Mwaka 1969 Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki, katika kesi ya kiwanda cha biskuti cha Mukisa, ilisema pingamizi la awali liwe hoja tupu ya kisheria isiyohitaji ushahidi, na rais wa mahakama hiyo, Sir Charles Newbold, akakemea tabia ya kuibua mapingamizi yasiyostahili kwamba inaongeza gharama, inavuruga hoja, na ikome. Haijakoma. Kesi yenyewe ya biskuti ndiyo sasa inanukuliwa na kila anayeinua pingamizi na kila anayelipinga.

Na msidhani watunga sheria wamelala. Tangu mwaka 1994 Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ina utaratibu wa kuyapanga mashauri ya mahakamani kwa kasi zake, kila kundi na muda wake, na kundi la mashauri mazito lenye muda mrefu kabisa lilipewa miezi 24. Mwaka 2002 ikakatazwa kukatia rufaa amri ndogo ambazo hazimalizi shauri. Mwaka 2018 sheria ikaongezewa vifungu vinavyowataka mahakimu na majaji kutazama haki yenyewe kabla ya makosa madogo ya utaratibu. Mawakili wanaviita oksijeni. Katiba ndiyo usiseme. Ibara ya 107A inaziagiza mahakama kutochelewesha haki bila sababu ya kimsingi, na pia kutofungwa kupita kiasi na masharti ya kiufundi. Lakini utaratibu una ujanja wake. Ule mpango wa kasi, kwa mfano: muda wa shauri ulipoisha kabla shauri halijaisha, watu walianza kuinua pingamizi kwamba muda umeisha. Dawa ya kuchelewa ikawa sababu ya tarehe nyingine.

Turudi kwa mama. Mwaka 2017 alishinda. Mwenyekiti wa kwanza alikuwa ameshahamishwa, wa pili ndiye aliyeandika hukumu, kurasa kadhaa kwa Kiingereza kwa sababu wakati ule sheria ilitaka kumbukumbu na hukumu za mabaraza haya ziandikwe kwa Kiingereza hata kama watu wote chumbani waliongea Kiswahili tangu mwanzo mpaka mwisho. Wakili akatutafsiria. Mama akapika pilau. Mnunuzi akakata rufaa ndani ya siku 45, kama anavyoruhusiwa.

Hapa nataka nikae kidogo, maana hapa ndipo nilipoelewa kwamba sisi na sheria tunahesabu vitu tofauti.

Baraza la wilaya linakaa mwenyekiti na wazee wa baraza wasiopungua wawili. Kabla mwenyekiti hajaandika hukumu, wazee wanatoa maoni yao. Kanuni za mwaka 2003 zinasema maoni hayo yawe kwa maandishi, na mzee anaweza kuyatoa kwa Kiswahili. Mahakama ya Rufani ikaja kuongeza, katika maamuzi yake, kwamba haitoshi maoni kuwemo kwenye jalada. Lazima yasomwe wadaawa, yaani pande zote mbili za shauri, wakiwepo wayasikie, na kumbukumbu ionyeshe kwamba yalisomwa. Yasiposomwa, ni kama baraza halikukaa kihalali.

Kwenye jalada letu maoni yalikuwemo, karatasi mbili zimeandikwa kwa mkono na kusainiwa. Wazee wote wawili walikuwa upande wa mama. Lakini hakuna mstari popote unaosema yalisomwa mbele yetu. Rufaa ilipofika juu, hakuna aliyelalamikia jambo hilo, si mnunuzi, si sisi. Jaji mwenyewe aliliona alipokuwa akipitia kumbukumbu, akawaita mawakili wamweleze, na wakili wa mnunuzi, ambaye sababu zake za rufaa zilihusu mambo mengine kabisa, akalidaka kama mpira wa kona. Mwaka 2019 mwenendo wote, yaani kumbukumbu yote ya yaliyosemwa barazani, ukafutwa, hukumu ikatenguliwa, anayetaka afungue upya.

Upya maana yake upya kweli. Siyo maoni yasomwe tena, siyo hukumu iandikwe tena. Ushahidi wote, tangu "taja jina lako na umri wako".

Yule mzee wa mkonge alikuwa ameshafariki. Katika raundi ya kwanza alizungumza kwa karibu saa nzima, akaeleza hata mwaka ule wa mvua nyingi ambao mkonge wa kona uling'olewa na maji wakaupanda tena. Maneno yake yote yalikuwa kwenye kitabu kilichofutwa. Wakili alisema ipo njia ya kisheria ya kuomba ushahidi wa marehemu utumike, lakini mwenendo ulikuwa umebatilishwa, wenzetu wangepinga, na kupinga ni tarehe. Tukaenda raundi ya pili bila yeye, kwa kumtegemea mwanawe ambaye wakati mkonge unapandwa alikuwa mtoto anayebeba maji.

Sisemi sharti la maoni kusomwa ni la kijinga. Mdaawa ana haki ya kujua wazee wamesema nini juu yake, na mwenyekiti asiye na wa kumtazama anaweza kuwageuza wazee mapambo. Ninachouliza ni kwa nini kosa la baraza linalipwa na mwombaji. Mama hakuwa na kazi ya kusoma maoni. Alikuwa na kazi ya kuja na kusema kweli, na aliifanya. Sheria hiyohiyo ya mahakama za ardhi, kifungu cha 45, inasema uamuzi usitenguliwe kwa sababu ya kosa la utaratibu ila kama kosa limesababisha haki kutotendeka. Nilipomwonyesha wakili kifungu hicho, alitabasamu kwa namna mnayoijua, akasema kosa la wazee linagusa mzizi. Sawa. Mzizi umeguswa, na matawi ni sisi.

Mwaka 2020 tukafungua upya: namba mpya, mwaka mpya, jalada jipya jeupe. Na hapa kuna jambo ambalo silioni likisemwa. Mahakama zetu zina vipimo vya mlundikano. Shauri la Mahakama ya Mwanzo likizidi miezi 6, la Wilaya au la Hakimu Mkazi likizidi 12, la Mahakama Kuu likizidi 24, linahesabiwa limekaa sana. Kila mwanzo wa Februari, Siku ya Sheria ikifika, tunasikia taarifa za mlundikano kupungua, na sina sababu ya kuzikataa. Lakini shauri lililofutwa na kufunguliwa upya linaanza kuhesabiwa sifuri, na rufaa nayo ina namba yake na umri wake. Ukifungua vitabu, hutakuta shauri la mama la tangu 2013. Utakuta mashauri kadhaa, kila moja kijana mbichi, kila moja limekwisha katika muda unaokubalika au karibu yake. Aliyezeeka ni mama peke yake.

(Mabaraza yenyewe, wakati sisi tunaanza, yalikuwa chini ya wizara ya ardhi, si chini ya Mahakama, kwa hiyo hata hivyo vipimo sijui mama angewashikia nani.)

Mwaka 2021 mnunuzi akafariki. Mungu amrehemu, tulikwenda mazikoni; ugomvi wa shamba ni wa shamba. Sheria inasema mjibu maombi akifa, mwombaji ana siku 90 za kuomba msimamizi wa mirathi yake aingizwe kwenye shauri, la sivyo shauri dhidi yake linakoma. Siku 90. Mjane alikuwa eda. Eda ya mjane ni miezi 4 na siku 10. Mama, ambaye alikaa eda yake mwenyewe kwa baba, hakutaka hata kusikia habari ya kumpelekea mjane hati ya wito ndani ya eda, na hata angetaka, mjane hakuwa bado msimamizi wa chochote. Ndugu walikuwa hawajafungua mirathi. Walipofungua, kaka wa marehemu akaweka pingamizi, kwa sababu kila familia ina kaka wa marehemu.

Siku 90 zikapita. Sasa ikabidi mama aombe kuongezewa muda, na hapo ndipo nilipokutana na kanuni ambayo sijaisahau. Mahakama ya Rufani imesema mara nyingi: anayeomba kuongezewa muda lazima aeleze kila siku aliyochelewa, hata ikiwa ni siku moja. Mama akakaa na wakili wakajaza kiapo. Tarehe hii mpaka hii, mjane eda. Tarehe hii mpaka hii, pingamizi la mirathi. Tarehe hii mpaka hii, kungoja nakala ya barua ya usimamizi. Wiki fulani mama alikuwa amelazwa kwa presha, tukatafuta karatasi ya hospitali kuithibitisha. Mwenyekiti alikubali, na alikuwa na haki ya kukataa.

Nikiwa nimekaa pembeni namsikiliza mama akikumbuka wiki zake moja moja, nikawaza zile wiki nyingine. Ile miezi ambayo uamuzi mdogo wa pingamizi ulingoja kusomwa, nani aliapa kuieleza? Siku ambazo jalada lilikuwa kwa mchapaji, nani alileta karatasi ya hospitali? Mwananchi akilala siku moja anaulizwa. Upande wa pili wa meza siku zinaitwa udhuru, na udhuru hauna kiapo.

Msimamizi aliyeingizwa ni mjane. Mwanamke mpole, naye karithi kesi. Hawezi kuuza, hawezi kujenga, hawezi kuweka rehani, na kwenye korido anakaa benchi moja na mama wanaulizana hali za wajukuu. Kama kuna mtu anayefaidi na kuchelewa huku, si yeye.

Ingawa, machungwa anayachuma. Niseme na hilo.

Mwanzoni kabisa mama aliomba zuio, na baraza likaamuru hali ibaki kama ilivyo mpaka shauri liishe. Ukiisoma amri hiyo haimpendelei mtu. Lakini hali ilivyokuwa siku ile ni kwamba mnunuzi alikuwa ndani ya shamba na mama nje. Kwa hiyo amri ya kutompendelea mtu ikampa mmoja misimu yote na mwingine bahasha ya kaki. Watu husema subira huvuta heri. Ya mama imevuta heri ya anayechuma.

Na shamba lenyewe halingoji mahakama. Mchungwa wa kubebesha ni miti miwili: chini shina la limao, juu chungwa. Mwenye shamba hupita akikata maotea yanayochipua chini ya kibebesho, pale miti miwili ilipounganishwa, kwa sababu hayo ni limao, na limao lina nguvu. Ukiyaacha, yanapanda yakiwa na miiba mirefu, yanaliziba chungwa jua, na baada ya miaka una mlimao mkubwa wenye tawi la chungwa lililokauka ubavuni. Nani atapalilia shamba la kesi? Aliye ndani hajui mwakani litakuwa la nani, anachuma tu. Aliye nje akiingia na panga anavunja amri. Nilishuka bondeni nikiwa na mwanawe yule mzee, tulipofanya mpango wa ushahidi wake, nikapita mstari mzima bila kuona mchungwa ambao haujaingiliwa. Hukumu itakayotoka itatamka "shamba la machungwa". Wakili kasema litatamkwa hivyo hivyo, maana ndivyo lilivyoandikwa kwenye maombi.

Mama ana daftari. Msimu ukifika anakwenda kukaa barazani kwa shoga yake, nyumba inayotazama njia ya kutokea shambani, anaandika magari. Kwetu machungwa huuzwa yakiwa juu ya mti: mlanguzi anapita, anakisia, anatoa bei ya shamba zima, kisha anakuja na vijana wake kuchuma na kupakia, mengine yakienda Dar, mengine Kenya. Hakuna stakabadhi. Mama anaandika tarehe, rangi ya gari, limejaa au nusu. Anataka siku ya mwisho adai mapato ya misimu yote. Wakili amemweleza kwa upole kwamba hasara ya namna hiyo lazima itajwe kwa hesabu na ithibitishwe kikamilifu, na daftari la mtu aliyekaa barazani kwa shoga yake ni ushahidi mwepesi. Mama anaendelea kuandika.

Raundi ya pili alishinda tena, mwaka 2023. Safari hii hukumu ilikuwa ya Kiswahili, kwa sababu mwaka 2021 sheria ilibadilishwa na Kiswahili kikawa lugha ya mahakama na mabaraza. Msiidharau hiyo. Mama aliisoma mwenyewe, miwani puani, na alipofika mahali panaposema maoni ya wazee wa baraza yalisomwa mbele ya wadaawa tarehe fulani, akaniita nije nione. Mjane, au tuseme mawakili wa mirathi, wakakata rufaa. Ikatupwa mwaka 2024. Wakatoa taarifa ya kwenda Mahakama ya Rufani ya Tanzania. Zamani hapo pangekuwa na hatua nyingine nzima ya kuomba kibali cha kukata rufaa, lakini mwaka 2023 sheria iliifuta. Niliwapigia makofi hao waliofuta. Kumbe hatua inaweza kuondolewa na mbingu isianguke. Sasa tunangoja nakala ya mwenendo ichapwe, na utekelezaji wa hukumu wameomba usimamishwe.

Katikati ya haya kaka yangu wa Dar ametuletea habari ya suluhu. Tugawane sehemu ile nusu kwa nusu, tuandikishe, yaishe. Kila mtu anamwona kaka kuwa ndiye mwenye busara, na Katiba nayo, palepale kwenye 107A, inataka usuluhishi ukuzwe. Mimi nimekataa, na nitasema kwa nini. Suluhu njema hufanywa na watu wawili ambao kila mmoja angeweza kungoja hukumu akaipata. Hii ya kwetu ingekuwa ya mtu aliyeshinda mara mbili akitoa nusu ya mali yake kwa sababu ana miaka sabini na kitu na mwenye kungojewa hana miaka. Hiyo ni nauli ya kutokea, ndiyo maana inaitwa kwa jina zuri. Lakini shamba ni la mama, na naona siku hizi kaka akipiga simu anamsikiliza mpaka mwisho.

Kwa wenye mashauri kwenye mabaraza, nina machache ambayo hakuna aliyetuambia sisi. Kila mnapokaa, sikiliza kama majina ya wazee wa baraza waliopo yanatajwa na kuandikwa. Mzee akibadilika katikati, mwombe wakili wako aulize hapohapo ni kwa nini na iandikwe. Mwenyekiti au hakimu akibadilika, aliyepokea jalada aandike sababu ya kulipokea, kwa sababu hilo nalo limefuta mashauri ya watu. Siku ya maoni simama useme: mheshimiwa, tunaomba yasomwe. Usione haya, hata kama wakili amekaa kimya. Ukishitaki mtu mzee, fuatilia afya yake bila ubaya, maana akifa siku zako 90 zinaanza kutembea wakati bado mnachimba kaburi. Na ukishindwa ukataka kwenda Mahakama ya Rufani, usiridhike na karani anayekwambia nakala ya mwenendo bado, rudi mwezi ujao. Andika barua ya kuiomba ndani ya siku 30 tangu hukumu, ipigwe muhuri wa kupokelewa, mpelekee nakala mwenzako, na moja kaa nayo. Kwa barua hiyo msajili anaweza kukupa hati inayotoa hesabuni siku ulizokuwa unangoja mchapaji. Bila barua hiyo, siku hizo zote zinahesabiwa kuwa ni zako.